Wenyeji Hawana Kumbukumbu

Nairobi, 14 Machi 1966

Dada yangu Umulkheir,

Nakupa mkono kutoka mbali, na ya Baba naibusu yote miwili. Mimi mzima. Mvua za huku zimeanza, na chumba changu cha Pumwani chavuja upande wa mlango tu, kwa hiyo kitanda nimekisogeza dirishani na nalala vizuri. Alawiya amefika juzuu ya ngapi chuoni? Mwambie mjomba wake hajasahau viatu. Shemeji Madi nasikia yuko Matondoni kwa kazi ya kukalafati, kuziba nyufa za majahazi, akirudi nisalimie.

Sasa la Baba. Ile filamu ya historia, waliyokuja kuipiga kwetu wale wageni mwaka wa sitini na nne, nikawabebea masanduku yao mpaka nikajikuta nimewafuata huku Nairobi, imeonyeshwa kwenye televisheni juma lililopita. Mwambie Baba ameonekana. Kilemba chake kilitoka cheupe, na bakora yake, na lile jiwe analopenda kuliegemea. Watu wa kituoni walisema mzee huyu ana haiba.

Kazi yangu bado ni kuvuta nyaya na kusogeza taa. Tangu juzi wamenipa na kijikazi kingine cha Jumamosi jioni, lakini si kitu cha kujazia barua.

Nduguyo,
Obeid


Faza, 2 Mei 1966

Mdogo wangu Obeid,

Sote twakusalimu, wazima kwa uwezo wa Mola. Barua yako ilikaa Lamu siku kumi na tisa. Kila mashua yakaguliwa siku hizi kwa ajili ya mashifta na bunduki zao, na watu wa bara wanazidi kukimbilia mui wetu na watoto na mbuzi wao. Kwetu ukumbini tumeweka familia moja kutoka ng'ambo ya pili, watu wapole. Alawiya yuko juzuu ya ishirini na mbili. Viatu anavitaja kila siku, nawe ulivitaja mwenyewe.

Macho ya Baba yamezidi. Mtoto wa jicho amefunika la kulia kabisa, na la kushoto aona kama mtu atazamaye kupitia chandarua. Barua zako namsomea mimi. Hii nimemsomea mara tatu, na mara ya tatu alikuwa amewaita Bwana Wazir na jirani zake wa barazani waje wasikie. Wakampa mkono wa pongezi kama aliyetoka hija.

Lakini ndugu yangu, umeandika mistari mitano tu. Baba aliwatembeza watu wale siku tatu katika magofu, akasahau kula, nami nikawa natuma sinia inarudi na chakula chake. Ataka kujua alisema kwa muda gani, na maneno yapi waliyaweka. Zaidi ataka kujua kama waliweka kisa cha Mwana Barka. Amenambia niyaandike hapa jinsi alivyowaambia, ili wewe uyalinganishe na ya filamu:

"Adui walipotuzibia kisima, mtaa mzima ulibaki na mitungi mitatu ya maji. Mwana Barka ndiye aliyewekwa kugawa, kifuu kimoja kwa kila mtoto, wakubwa wangoje. Naye alikuwa na mtoto mgongoni. Siku ya nne mtoto alikufa. Hakusema. Alimbeba siku mbili huku akigawa maji, maana alijua akilia yeye, mtaa utawafungulia adui mlango. Siku ya sita adui walichoka wakaenda zao. Ndipo alipomshusha."

Basi tujibu. Baba angoja.

Dadako,
Umulkheir


Nairobi, 9 Juni 1966

Dada Umulkheir,

Salamu kwenu nyote, na kwa wageni wenu wa ukumbini. Nimepata barua na nimeshukuru. Viatu vya Alawiya nimempa mtu wa Siyu anayerudi kwa basi la Mombasa. Kama vyabana, virudishwe.

Huku kumeingia baridi ya mawingu, jua hatulioni hata adhuhuri. Leo asubuhi mwenye hoteli aliunguza mkate, na ile harufu ikanichukua mpaka kwa Mama, Mungu amrehemu, ameinamia mofa, uso mwekundu, nasi wawili tumekaa juu ya ukuta uliobomoka tukibishana nani atapata mkate wa kwanza. Wakumbuka ulikuwa ukinambia ukuta ule ulijengwa na majini, kisha Baba akatusikia, akatushusha na kutuonyesha alama za vidole vya fundi kwenye chokaa? Akakiweka kidole changu mle ndani. Kidole cha fundi kilikuwa kinene kuliko changu. Nilikuwa na miaka sita au saba, na siku nzima sikunawa mkono ule.

Mambo ya filamu ni marefu, tutazungumza nikija. Mwambie Baba alionekana vizuri.

Obeid


Faza, 20 Agosti 1966

Obeid,

Hatujambo. Alawiya anatembea na viatu vyake mkononi ili visichakae. Madi amerudi, ana homa lakini yapungua.

Nakuandikia neno moja na nataka jibu moja.

Mwalimu Phineas, yule wa bara anayefundisha skuli ya hapa, amerudi kutoka likizo. Alipita Nairobi kwa nduguye mwenye televisheni, akakuona. Juzi baada ya Alasiri alikuja barazani kwa Bwana Wazir kuwasimulia watu. Alikuwa na furaha, hakuwa na nia mbaya, hilo nataka ulijue. Asema wewe husimama mbele ya watu umevaa koti refu, umeshika bakora, ukitoa historia ya andazi. Wakamwomba awaonyeshe. Akachukua bakora ya Bwana Wazir, akaiegemea, akainua kidole, akakohoa mara mbili, ndipo akaanza kusema kwa sauti nzito.

Bwana Wazir akasema, "Huyo ni Bwanamkuu."

Watu wakacheka mpaka wengine wakashuka barazani. Hawakujua kuwa Baba amekwisha kufika, yuko pembeni, mkono ukutani, akitafuta pa kukaa.

Akauliza, "Bwanamkuu yupi?"

Mwalimu ndiye aliyesema, maana ni mgeni na haijui nti yetu vizuri: "Ni wewe, mzee. Kijana wako anakuigiza huko. Nairobi nzima inakupenda."

Baba alirudi nyumbani. Sikuona akikasirika. Alinambia tu, "Nilidhani amekwenda kule kuangalia wasiharibu maneno yangu." Tangu siku hiyo hajaniuliza habari ya filamu.

Sasa nambie, ulikuwa ukimcheka babako?

Umulkheir


Nairobi, 11 Septemba 1966

Dada yangu,

Nimeisoma barua yako nimesimama posta, nikaisoma tena nimekaa. Salamu zangu kwa wote, na Madi nimemwombea.

Nilikudanganya, au tuseme nilikupa nusu. Haya ndiyo yaliyobaki.

Filamu ile ni ya nusu saa. Baba amo kwa muda wa mtu kupiga chafya. Ameegemea jiwe, midomo yake inakwenda, mkono umeinuka, naijua ishara ile, ni pale asemapo "kifuu kimoja kwa kila mtoto". Lakini sauti yake hawakuiweka. Juu yake wameweka sauti ya Mzungu mmoja, nzito kama ya mtu aliye ndani ya pipa, na muziki wa tarumbeta. Na anachosema Mzungu yule, wakati Baba anasema, ni hiki: "Nani walijenga kuta hizi? Wenyeji hawana kumbukumbu."

Nilikuwa nimeshika waya nyuma ya mtambo. Sikuweza kuondoka. Wenzangu walinipiga bega, wakasema, babako amependeza.

Siku ya pili, saa ya chakula, nilikuwa na andazi mkononi. Sijui nini kilinipata. Niliegemea ufagio, nikaliinua lile andazi, nikaanza kwa sauti ya Mzungu yule: "Dola ya Andazi ilianzishwa saa kumi na mbili asubuhi. Wakati wa ustawi wake mipaka yake ilifika ukingo wa kikaango. Kufikia saa tatu ilikuwa imeanguka. Wanahistoria hawajakubaliana kama iliangushwa na adui kutoka nje au na karani wa mapokezi. Mashahidi wa zama hizo wote wamekwenda kazini. Wenyeji hawana kumbukumbu." Kariuki, mpiga picha, ndiye aliyecheka kwanza, tena alicheka mpaka akakaa chini. Akaniitia mkubwa wa kipindi cha vichekesho. Ndivyo nilivyopewa dakika tano za Jumamosi. Nimekwisha kutoa historia ya foleni, ya shimo la barabarani, na ya mwavuli wa mkubwa wetu wa ofisi.

Nilimkusudia yule Mzungu, Dada. Sauti ni yake. Lakini bakora, na kidole, na kukohoa mara mbili kabla ya kutaja jina la mfalme, sikujua nimevitoa wapi mpaka niliposoma barua yako. Utaratibu wa kusema jambo zito sikujifunza kwa mtu mwingine. Nilipotaka kuwa mzito, mwili wangu ulimwendea Baba peke yake.

Haya sikuyaandika kwa sababu ya ile midomo inayokwenda bila sauti. Sikutaka aijue. Sasa fanya uonavyo.

Obeid


Faza, 30 Oktoba 1966

Ndugu yangu Obeid,

Madi amepona na amekwenda tena Matondoni. Wageni wetu wa ukumbini wamejaliwa mtoto wa kiume, twanywa uji wa pilipili manga kila asubuhi kama wazazi.

Niliazimia nimsomee Baba nusu ya barua yako, nusu niifiche. Nilisoma mpaka pale penye sauti ya Mzungu, nikaruka, nikaendelea na habari ya andazi.

Baba akasema, "Rudi nyuma. Umevuta pumzi kama mtu anayeruka mtaro."

Nikamsomea. Akaniuliza, "Walisema hivyo huku mimi nasema?"

"Ndiyo, Baba."

"Na midomo yangu yaonekana?"

"Yaonekana."

Akaomba maji. Akanywa yote. Nikawa nakitazama kile kikombe kwa kuogopa kumtazama yeye. Kisha akasema, "Basi huyo Mzungu ni mchekeshaji kumshinda Obeid," na akacheka, kicheko kile cha zamani, cha kabla ya Mama kufa, mpaka mke wa mgeni wetu akachungulia mlangoni na kichanga chake.

Jioni akanambia nikuandikie hivi: uje Idi, umfanyie hilo andazi mbele ya watu barazani. Asema, kama naigizwa, nataka kuwapo.

Dadako,
Umulkheir


Faza, 5 Aprili 1967

Mdogo wangu,

Twakusalimu. Barua yangu ya Februari ilikuwa ya mvua na mbuzi, kwa sababu sikuwa na moyo wa kuandika hii.

Kwanza nikwambie nilichokiona siku ya Idi, maana wewe ulikuwa mbele, umesimama, na sisi wanawake tulikuwa nyuma ya dirisha, tukiwaona wote. Ulipoinua andazi la Alawiya na kukohoa mara mbili, Baba aligeuza uso upande wako kama mtu aliyeitwa jina. Watu hawakucheka mwanzo, walikuwa wakimwangalia yeye. Ulipofika kwa karani wa mapokezi, bega lake likaanza kutikisika. Na aliposema, "Ngoja, mwanangu, dola haianguki hivihivi, lazima mfalme agombane na nduguye kwanza, tia hilo," nawe ukamjibu kwa sauti ile ile ya pipa, "Wanahistoria wamegundua jambo jipya," hapo hata Mwalimu Phineas alilia machozi. Baba alijifuta kwa ncha ya kilemba. Nilisema moyoni, haya yamekwisha, yamekwisha kwa heri.

Ulipoondoka, watu walianza kuja kwake kila Alasiri. Baraza haikujaa vile tangu tulipokuwa watoto. Wavulana, walimu, askari wawili wa bara, wote wamwambia, "Mzee, tupe historia." Yeye hukohoa, wao hucheka. Juma la kwanza alifurahi. Alikuwa akirudi ndani ananiuliza, "Leo walikuwa wangapi?"

Kisha siku moja mwezi wa Februari alitoa kisa cha Mwana Barka. Mimi nilikuwa dirishani nachambua mchele. Alisema vizuri, sijapata kumsikia akisema vizuri vile. Alipofika pale, "Siku ya nne," akakohoa mara mbili. Na watu wote wakaangua kicheko.

Hawakuwa wabaya, Obeid. Walikuwa wakingoja kile kikohozi. Walipokumbuka maneno yanayofuata, baadhi yao walifunika midomo, lakini kicheko kikishatoka hakirudi.

Baba hakumaliza. Alitafuta bakora yake kwa mkono, akashuka, akaifuata ndia ya nyumbani peke yake. Tangu hapo aenda msikitini na kurudi. Wakimwamkia hujibu. Wakimwomba historia husema, "Nimesahau." Bwana Wazir amekuja mara tatu kumtaka radhi, na mara zote tatu Baba amempa kahawa wakazungumza habari ya bei ya nazi.

Nami sikulaumu. Nyuma ya dirisha lile siku ya Idi nilicheka kuliko wote. Lakini nimeona haifai ukae huko hujui.

Umulkheir


Nairobi, 22 Mei 1967

Dada Umulkheir,

Natumaini hamjambo, na Alawiya karibu atahitimu. Mimi afya ninayo.

Barua yako niliiweka mfukoni siku kumi na mbili. Sikuweza kuijibu kwa maneno, kwa hiyo nikafanya jambo, na sasa nakueleza, kwa kuwa huko hamna televisheni na hamkuliona.

Jumamosi ya tarehe kumi na tatu niliingia kama kawaida. Koti, bakora, andazi juu ya meza. Watu ishirini na kitu wamekaa kwenye mabenchi ya studio. Nikakohoa mara mbili, wakacheka. Nikaliweka andazi chini, nikatoa ile barua yako ya Mei mwaka jana, nikayasoma maneno ya Baba kama ulivyoyaandika, bila kuongeza hata moja. Kwa sauti yangu. Ile ya pipa sikuitumia.

Walicheka penye kisima. Walicheka penye kifuu. Niliposema siku ya nne bado walikuwapo wawili wanaocheka, mmoja kwa nguvu, maana anajua mimi huchelewesha utani wangu. Nikaendelea. Sikuwatazama wao, nilimtazama Kariuki, na Kariuki alikuwa ametoa jicho kwenye mtambo wake ananitazama mimi. Nilipofika "ndipo alipomshusha", yule wa tarumbeta anayefunga kipindi changu alitakiwa apige. Hakupiga. Nikakunja karatasi, nikatoka.

Jumatatu niliitwa. Mkubwa hakunitukana. Alisema Jumamosi watu wametoka kazini, wanataka kucheka, na simu zimepigwa. Dakika zangu tano amepewa bwana mmoja anayeigiza sauti za ndege. Ni hodari, kweli. Mimi nimerudi kwenye nyaya na taa. Nikisema sikusikitika nitakuwa naanza tena zile nusu zangu. Nimesikitika. Nilipenda kusikia watu wakicheka kwa sababu yangu.

Lakini kuna hili. Jumamosi ile nilipokuwa nakunja waya mlangoni, Kariuki alinijia. Akasimama, akawasha sigara, hakuivuta. Akaniuliza, "Yule mtoto aliitwa nani?"

Nikamwambia, mtoto yupi. Akasema, "Wa yule mama. Wa mgongoni."

Kisa hiki nimekisikia tangu kabla sijaota meno ya pili, na sijapata kuuliza. Muulize Baba, kama atakubali. Kama amesahau, basi.

Nduguyo,
Obeid


Faza, 3 Julai 1967

Obeid mdogo wangu,

Barua yako nilimsomea Baba jana baada ya Alasiri, tukiwa wawili tu ukumbini. Mara hii sikuruka kitu. Penye wale wanaocheka alitikisa kichwa. Penye kazi yako alisema, "Masikini." Nilipofika kwenye swali la Bwana Kariuki nilimaliza nikaikunja barua.

Kisha akaniambia hicho kisa amekisimulia tangu alipoanza kufunga kilemba, amewasimulia makadhi na mabwana shauri na Wazungu wa filamu, na hakuna hata mmoja aliyewahi kumuuliza hilo. Yeye mwenyewe alimuuliza bibiye, akiwa mdogo, naye bibiye alimjibu.

Alikuwa wa kike. Alikuwa na miezi saba. Aliitwa Umi.

Leo asubuhi, baada ya chai, ameniagiza nikanunue madaftari manne dukani kwa Bwana Wazir na kalamu ya wino, ananingoja hapa nimalize barua hii ili aanze. Asema yako majina mengi ya kuandikwa.

Mwambie Bwana Kariuki.

Umulkheir